Magunia 12 safi, kumbe 40 mabovu. Nilikosea wapi?

karani_newala

Wakuu, habari za jioni. Mada hii ina korosho ndani lakini si mada ya bei. Wa bei naomba mtusubiri.

Mimi ni karani wa chama cha msingi cha ushirika huku Newala, msimu wa tatu sasa. Kazi yangu ni kupima ubora. Natoboa gunia kwa bambo, nachota kidogo kidogo kwenye magunia kadhaa, nachanganya, napima kilo moja, nakata korosho moja moja, natoa viini, naviweka kwenye mizani. Kwa wasiojua hesabu zetu: kilo moja ikitoa gramu 290 za viini vizuri, unazidisha kwa 80 kwa sababu gunia ni la kilo 80, unapata kilo 23.2, ambazo ni kama paundi 51. Hiyo ni korosho ya kujidai nayo. Kwa nini wanunuzi wanahesabu kwa paundi na sisi tunapima kwa kilo, msiniulize.

Wiki mbili zilizopita lori lilipita kwetu likitoka tawi moja kwenda ghala kuu. Magunia 300. Saa kumi na moja jioni, wingu limetanda, dereva anapiga honi kama ana mgonjwa ndani. Nikapanda nyuma, nikatoboa magunia 12. Yote safi. Nikisema safi nina maana ganda linang'aa, ukilibonyeza kwa ukucha haliachi alama. Nikakata, paundi 51. Nikajaza fomu, nikasaini.

Ghala kuu wakashusha mzigo wote. Katikati na chini kulikuwa na magunia 40 ya korosho za msimu uliopita, nyingine zimelowa, viini vimegeuka njano, vingine vimebaki unga wa wadudu. Walipoyakata hayo peke yake yakatoa gramu 215 kwa kilo. Paundi 38 hazifiki.

Sasa nina barua mezani. Natakiwa kujieleza kwa maandishi kabla ya Ijumaa, nilithibitisha mzigo ule "kwa misingi gani".

Na mimi swali langu ni hilo hilo. Magunia 12 mfululizo yakiwa safi, sina haki ya kuamini kuwa la 13 nalo ni safi? Kama sina, haki hiyo naipata lini? Nikifika 50? 299? Maana ukiniambia nitoboe yote 300, hiyo siyo sampuli tena, hiyo ni kuhamisha ghala. Bibi yangu nilipomsimulia alicheka tu, akaendelea kupepeta mchele wake. Nilichukia kidogo.

---

soko_huria

Bei ya mnada wa leo imefika ngapi?

karani_newala

Ndugu yangu, mstari wa kwanza uliusoma kweli?

---

chuo_bado

Dada karani, pole sana. Nipo mwaka wa pili nasoma falsafa, na nikikwambia swali lako lina umri wa karibu miaka 300 huenda likakupunguzia uchungu.

Mskoti mmoja, David Hume, aliliuliza mwaka 1739, akalirudia 1748. Unajuaje kuwa ambayo hujayaona yatafanana na uliyoyaona? Ukijibu "kwa sababu siku zote yamefanana", umemsimamisha mshitakiwa awe shahidi wa kesi yake mwenyewe. Kinachoulizwa ndicho unachokitumia kujibu. Kwa hiyo msingi haupo. Na huyo aliyekuandikia barua naye hana, akitaka abishe.

Mwanafalsafa mwingine, Karl Popper, mwaka 1934 akaenda mbele zaidi. Alisema magunia safi hata yakiwa milioni hayathibitishi lolote, ila bovu moja linabomoa dai zima. Mimi ningekuwa wewe ningeandika: "Wakati nasaini, dai kwamba mzigo ni safi lilikuwa bado halijakanushwa."

karani_newala

Nikiandika hivyo Jumatatu nitakuwa nauza mihogo stendi. Halafu mdogo wangu, leo mchana umekula? Ulijuaje ugali hautakuua?

chuo_bado

Hahaha. Hume mwenyewe alikiri. Alisema akitoka kwenye maandishi yake anakula, anacheza mchezo wa mezani na marafiki, anacheka, na akirudi kwenye yale mashaka anayaona ya kipuuzi. Lakini hakusema mashaka yamejibiwa. Alisema binadamu ameumbwa na mazoea, basi.

---

mwalimu_wa_hesabu

Karani, hujambo. Mimi nimefundisha hesabu Masasi mpaka nikastaafu, na korosho ninazo ekari tatu, kwa hiyo barua yako inanihusu pande zote mbili.

Kijana wa chuo hajakosea, ila amekujibu swali la dunia nzima na wewe una swali la lori moja. Tuanze na hilo la lori.

Uliuliza kuhusu gunia la 13. Mfaransa mmoja aitwaye Laplace ana kanuni inayofaa hapo. Kama ulikuwa hujui lolote kabla, na umeona mara 12 zote safi, bahati ya la 13 kuwa safi ni 13 kwa 14. Unaongeza moja juu, unaongeza mbili chini. 13 kwa 14 ni kama 93 katika 100. Si mbaya. Ungekuwa unanunua gunia moja ningekwambia nunua.

Tatizo ni kwamba uliuliza kuhusu la 13 lakini ukasaini kwa 300. Kanuni ile ile, ukiiuliza bahati ya magunia *yote* 300 kuwa safi, inakujibu 13 kwa 301. Hiyo ni kama 4 katika 100. Soma tena taratibu: 93 kwa gunia lijalo, 4 kwa lori zima. Watu wengi sana, na si makarani tu, wanachukua imani ya la kwanza wanaihamishia kwenye la pili bila hata kujua wamevuka mto.

karani_newala

Shikamoo mwalimu. Hiyo 4 imenikata maini. Kwa hiyo kila lori nililowahi kusaini nilikuwa nabahatisha?

mwalimu_wa_hesabu

Marahaba. Hapana, subiri. Laplace pale anajifanya hajui kitu, kama mtu aliyeshuka leo kutoka mwezini. Yeye mwenyewe alipiga hesabu ya jua kuchomoza kesho akitumia miaka 5,000 ya kuchomoza kila siku, akapata dau la 1,826,214 kwa 1. Hapo hapo akaongeza kwamba anayejua sababu za jua kuchomoza ataweka dau kubwa kuliko hilo. Wewe hukushuka kutoka mwezini. Una misimu mitatu.

Hapa anaingia mchungaji wa Kiingereza, Thomas Bayes. Alifariki 1761, na maandishi yake yakatolewa 1763 na rafiki yake Richard Price. Namna yake nakuonyesha kwa malori.

Chukua malori 100 ya aina yako. Tuseme daftari lako linaonyesha 80 huwa safi na 20 huwa yamechanganywa kama hilo la magunia 40. Kila lori unatoboa magunia 12, unayachagua kwa kubahatisha kabisa, macho yamefungwa. Yale 80 safi yatapita yote. Yale 20 je? Nimepiga hesabu: lori lenye mabovu 40 kati ya 300 lina bahati kama 17 katika 100 ya kukuonyesha 12 safi tupu. Kwa hiyo katika 20, matatu na kitu yatakuponyoka. Yaliyopita jumla ni 83 na kitu, na kati yake yenye ubovu ni matatu na kitu. Yaani kama 4 katika 100. Ulianza na mashaka ya 20 katika 100, umeyashusha mpaka 4. Magunia 12 yamefanya kazi ya maana.

Ungetoboa 30, lori bovu lingekuponyoka mara moja tu katika 100.

chuo_bado

Mwalimu, kwa heshima zote, ile 80 umeitoa wapi? Mwingine ataanza na 50 kwa 50. Mwingine ana chuki na lile tawi, ataanza na 5. Sampuli ile ile, majibu matatu. Hiyo ni elimu au ni tabia ya mtu?

mwalimu_wa_hesabu

Pingamizi zuri, na limewasumbua wakubwa kuliko mimi. Ninachoweza kukuonyesha ni kinachotokea ushahidi ukiongezeka. Mwenye 50 kwa 50, baada ya magunia 12 safi, anabaki na mashaka kama 15 katika 100. Mwenye 80 kwa 20 anabaki na 4. Bado wako mbali, wanaweza kugombana mchana kutwa. Wape 30 safi: wa kwanza ana kama 1 katika 100, wa pili hata nusu ya hiyo haifiki. Wameanza mbali wakakutana njiani. Anayekataa kukutana ni yule aliyeanza na sifuri, aliyesema "haiwezekani". Huyo hata umletee ghala zima hasogei. Kwenye vikao vya chama huyo yupo, wote tunamjua.

Hata hivyo, karani, yote haya niliyoyaandika yamesimama juu ya maneno matatu: *kwa kubahatisha kabisa*. Sasa niambie ukweli. Yale 12 uliyachaguaje?

karani_newala

Mwalimu, nilijua utafika hapo.

Niliyachagua yaliyokuwa mbele yangu. Nyuma ya lori, safu ya juu. Sikuweza kufika katikati, magunia yamebanana na mimi nimevaa sketi.

---

mjomba_wa_bandari

Samahanini wasomi, naingia kwa miguu michafu. Nimebeba magunia bandarini Mtwara miaka 19, mgongo unaweza kutoa ushahidi.

Mwanangu karani, hakuna mtu anayepanga lori kwa bahati mbaya. Gunia bovu halikai nyuma mlangoni. Halikai juu. Linakaa safu ya tatu, katikati, limezungukwa na mazuri kama bwana harusi. Na anayepanga anajua karani atatoboa wapi, kwa sababu karani anatoboa pale pale kila siku. Wewe ulikuwa hupimi mzigo. Ulikuwa unapima akili ya aliyeupanga, na akili yake ilikuwa nzuri.

mwalimu_wa_hesabu

Mjomba, mimi nimetumia aya kumi, wewe umemaliza kwa moja.

Ngoja niiweke kwenye malori yangu 100. Kama mabovu yamefichwa mahali ambapo bambo haliendi, yale 80 safi yatapita, na yale 20 nayo yatapita *yote*. Kwa hiyo baada ya kutoboa mashaka yako ni yale yale 20 katika 100 uliyoanza nayo. Na ungetoboa 50 pale pale nyuma, juu juu, bado 20. Ungetoboa kila gunia linaloonekana, 20.

Hapo ndipo ulipokosea, karani, siyo kwenye idadi. Kabla hujahesabu umeona safi ngapi, jiulize kwanza: kama mzigo ungekuwa mbovu, ningeona nini tofauti? Ukijibu "ningeona haya haya", basi hukupima. Ulipunga upepo.

---

jarife_kilwa

Salaam kutoka Kilwa Masoko. Mwalimu, hilo la bambo lisipofika limenikumbusha silikanti, na naona halijaguswa.

Kwa wasiojua: ni samaki mkubwa, rangi ya bluu iliyokoza yenye madoa meupe, mapezi kama viganja vya miguu. Wanasayansi walikuwa wanamjua kwenye mawe tu. Mabaki yake yanakoma kama miaka milioni 66 iliyopita, baada ya hapo kimya. Miaka milioni 66 ya kimya, karani, siyo magunia 12. Kila mtu alikubali kuwa ametoweka. Halafu Desemba 1938 huko Afrika Kusini, karibu na East London, chombo cha uvuvi kikamleta mmoja, na mwanamke wa makumbusho, Marjorie Courtenay-Latimer, akamwona kwenye lundo la samaki. Profesa J.L.B. Smith akampa jina la kitaalamu mwaka uliofuata. Wa pili alipatikana 1952, Komoro. Miaka 14 katikati.

Huku kwetu wa kwanza kuandikwa alinaswa 2003, Songo Mnara. Hapo ni Kilwa, ni mwendo wa mashua tu kutoka ninapokaa. Sasa fikirini babu zetu wamevua pale tangu enzi za yale magofu. Kwa nini kimya? Kwa sababu silikanti anakaa chini, mita 100 na zaidi, kwenye mapango, na nyavu zetu zilikuwa zinauliza maji ya juu. Watu walipoanza kushusha majarife ya papa kwenye kina kirefu, jibu likaja.

Mimi nilivua jarife miaka saba. Nikivuta likaja tupu, siwezi kusema bahari haina samaki. Naweza kusema tu kwamba hapa, kina hiki, usiku huu, na matundu ya ukubwa huu, hapakuwa na wa kunaswa. Ukiniuliza zaidi ya hapo nakudanganya.

chuo_bado

Hii ndiyo hoja ya Popper sasa. Samaki mmoja ameangusha dai la dunia nzima.

jarife_kilwa

Ameangusha, lakini kijana, kabla hajaja hatukuwa wajinga wote sawa. Aliyesema "hayupo kwenye maji ya mita 10" alikuwa na ushahidi mzito na mpaka leo amesema kweli. Aliyesema "hayupo baharini" alikuwa na ushahidi huo huo, akaunyoosha ukakatika. Popper kwa maelezo yako anawaweka wote kwenye mtumbwi mmoja.

---

chuo_bado

Nakubali nusu. Ila nina moja ya mwisho, mnisamehe, inanikosesha usingizi tangu tufundishwe. Ni ya Mmarekani Nelson Goodman, miaka ya 1950, yeye alitumia rangi za vito. Mimi nitatumia magunia.

Natunga neno: *safovu*. Gunia ni safovu kama limetobolewa kabla ya magharibi ya leo na ni safi, au halijatobolewa kabla ya magharibi na ni bovu. Sasa, magunia 12 ya dada yote ni safi. Lakini pia yote 12 ni safovu, hakuna hata moja lililokosa sifa. Ushahidi ule ule, sawasawa, unasema "mzigo wote ni safi" na unasema "mzigo wote ni safovu". Na mzigo ukiwa safovu, yale 288 yaliyobaki ni mabovu tupu. Nani amekupa ruhusa ya kuchagua neno "safi"?

karani_newala

Nimecheka mpaka katibu amechungulia dirishani kuuliza kuna nini. Safovu! Mdogo wangu, huko chuoni mnalipia ada kwa ajili ya hili?

mjomba_wa_bandari

Msicheke sana. Aliyepanga lile lori alitengeneza safovu kwa mikono yake. Yanayotoboka safi, yasiyotoboka mabovu.

chuo_bado

Mjomba. Nakwenda na hiyo kwenye semina ya Alhamisi. Profesa atanipa kiti chake.

mwalimu_wa_hesabu

Na jibu liko humo humo, kwa lori letu angalau. Hatulikatai neno safovu kwa sababu ni la ajabu. Tunaangalia kama kuna njia ya kulifanya kuwa kweli. Mzigo uliochanganywa kabla ya kutobolewa, bila mtu kujua utatobolewa wapi, hauna njia ya kuwa safovu: gunia litajuaje kama bambo linakuja? Mzigo uliopangwa na mtu anayejua mazoea yako, njia ipo, ina mikono miwili. Kwa hiyo mazoea ndiyo yanayofungua mlango. Ukichagua kwa bahati nasibu unaufunga. Kwa mambo ya dunia nzima, kijana, hapo sijui kama mlango unafungika, na sitakudanganya.

---

karani_newala

Jamani asanteni. Naomba niseme la bibi sasa.

Jana nilimkalisha, nikamuuliza alicheka nini. Akaniambia: "Nikienda dukani kununua mchele, nafanyaje?" Nikakumbuka. Bibi hanunui mchele kwa kuangalia. Anakunja mkono wa gauni, anazamisha mkono ndani ya gunia mpaka kiwiko, anakaa kidogo kama anatafuta kitu kilichodondoka, halafu anatoa ngumi imefungwa na anaifungulia kwenye ungo wake, siyo wa muuza duka. Nikiwa mdogo nilikuwa naona aibu, nasimama mbali nijifanye simjui. Muuza duka mmoja alimkataza siku moja. Bibi alifunga khanga yake vizuri akatoka, akaenda duka la pili. Hakusema mchele ule ni mbovu. Alisema hajaambiwa.

Mjomba, swali la kazi: nitafikaje katikati ya lori bila kushusha magunia 300? Chama hakina hela ya kuli wa kushusha na kupakia tena.

mjomba_wa_bandari

Usisubiri lori lijae. Gunia likishapakiwa limekwisha kuwa siri. Wewe nenda tawini siku ya kupakia, usimame mlangoni. Usiku kabla ya safari andika namba 1 mpaka 300 kwenye vikaratasi, tia kwenye ndoo, koroga, chota 30, ziandike kwenye daftari kwa mpangilio. Kuli wanapita na gunia moja moja, wewe unahesabu. Likifika namba yako, mwambie aliweke pembeni. Hakuna anayejua namba zako. Hata wewe hukuzichagua. Na usimwonyeshe mtu daftari, hasa anayekuletea chai.

mwalimu_wa_hesabu

Miaka 34 nimefundisha bahati nasibu kwa sarafu na dadu. Ningekuwa na ndoo ya mjomba.

Kwenye barua, mama, usijitetee kwa Hume. Andika ulitoboa mangapi, ulitoboa wapi, kwa nini hukufika katikati, na kwamba kwa namna ile hata ungetoboa 50 usingeyaona. Halafu andika utaratibu wa ndoo. Na mwambie katibu kuwa ndoo haifikishi hakika, inafikisha 1 katika 100 kwa ubovu wa kiasi kile. Mabovu yakiwa mawili tu ndani ya 300, ndoo ya 30 nayo mara nyingi itayakosa, na asije siku hiyo akakuandikia barua nyingine.

---

karani_newala

Narudi na matokeo. Barua imepokelewa, nimeambiwa "tutaangalia". Leo nipo tawini, niko mlangoni tangu saa mbili asubuhi, ndoo nimeipitia jana usiku na bibi ndiye aliyechota, akasema mkono wake hauna ndugu kwenye chama.

Kati ya 30, mabovu mawili. La 88 na la 211. Na nimeona kitu: yote mawili yameshonwa kwa uzi wa bluu. Mengi huku yameshonwa kwa uzi mweupe. Nadhani nimempata mtu wangu. Nataka yote ya bluu yashushwe.

mjomba_wa_bandari

Taratibu mwanangu. Uzi unauzwa dukani. Usije ukawachukia wakulima kumi kwa sababu ya magunia mawili.

mwalimu_wa_hesabu

Karani, kabla ya yote: katika yale 30, ya uzi wa bluu yalikuwa mangapi? Siyo mabovu tu. Yote.

karani_newala

Ngoja nihesabu.

Matano. Mawili mabovu, matatu safi. Ya uzi mweupe 25, hakuna bovu.

mwalimu_wa_hesabu

Ahaa. Kama uzi hauhusiki, mabovu mawili yote kuangukia kwenye yale matano ni bahati ya 10 kwa 435, kama 2 katika 100. Inavutia. Lakini uzi umeuona *baada* ya kuona ubovu. Ungeweza kuona alama ya rangi, au kiraka, au jina la kijiji, na lolote ambalo lingelingana ungelileta hapa. Kwa hiyo hiyo 2 nakupunguzia. Mawili hayo yamekupa wazo, yasikupe na hukumu. Kalijaribu wazo kwenye magunia ambayo bado hujayagusa. Chukua ya bluu kadhaa na meupe kadhaa, mwambie kuli akuletee bila wewe kuchagua, na kabla ya kutoboa andika unatarajia kuona nini.

karani_newala

Nimeandika: "bluu mabovu zaidi ya meupe". Bibi angesema nimeandika kwa mkono unaotetemeka. Kuli wanataka hela ya kushusha, nimewapa ya nauli yangu ya kurudia. Lori bado halijafungwa turubai. Wanaanza na 10 ya bluu na 10 ya meupe, na nimegeukia ukutani wasione namtazama nani.

soko_huria

Samahani, kwa hiyo bei ya leo?